Pietie Coetzee: Rekodi ya Dunia kutoka Timu Isiyo na Medali

Tarehe 21 Juni 2011, katika jiji la Dublin nchini Ireland, timu ya wanawake ya Afrika Kusini ya mpira wa magongo ilitoka sare ya mabao 5-5 na Marekani. Mashindano yenyewe yaliitwa Champions Challenge, na kwa wanaoufahamu mchezo huu jina hilo linatosha kueleza kila kitu: yalikuwa mashindano ya daraja la pili, yaliyoandaliwa kwa timu ambazo hazikuwa na nafasi kwenye Champions Trophy walikokutana wakubwa wa dunia. Ndani ya mechi hiyo, mshambuliaji aliyekuwa na umri wa miaka 32, Pietie Coetzee, alifunga bao lake la 221 katika mechi za kimataifa, akaipita rekodi ya mabao 220 iliyowekwa na Krasnikova wa Umoja wa Kisovyeti na kudumu kwa takriban miaka 20. Tangu siku hiyo hapakuwa tena na mwanamke aliyewahi kuifungia nchi yake mabao mengi kuliko yeye.

Hapo ndipo penye fundo. Timu ya wanawake ya Afrika Kusini haijawahi kupata medali ya Olimpiki, wala haijawahi kusimama jukwaani kwenye Kombe la Dunia. Uholanzi, Argentina, Australia na Ujerumani ndizo zilizogawana vikombe karibu vyote katika miaka ambayo Coetzee alikuwa uwanjani, na nchi hizo zilikuwa na washambuliaji waliosifiwa kila kona ya dunia. Inakuwaje basi rekodi ya mabao ikatua mikononi mwa mchezaji wa timu iliyokuwa ikimaliza Olimpiki katika nafasi ya 9 au ya 10?

Kuna majibu mawili mepesi ambayo hutolewa haraka. La kwanza ni kwamba alikuwa na kipaji, na hilo ni kweli ila halielezi chochote, kwa kuwa wenye vipaji walikuwa wengi. La pili ni kwamba alijilimbikizia mabao dhidi ya timu dhaifu za Afrika. Jibu hili la pili lina chembe ya ukweli na ndiyo maana linapotosha zaidi. Ili kulifungua fundo hili inabidi mtu aelewe mambo matatu kwa pamoja: namna mabao yanavyofungwa katika mpira wa magongo, namna mechi za kimataifa zinavyohesabiwa, na namna nchi yake ilivyoingia katika mchezo wa dunia na ilivyoamua nani aende Olimpiki na kwa njia ipi.

Coetzee alizaliwa Bloemfontein tarehe 2 Septemba 1978. Bloemfontein ni mji wa bara, mbali na bahari, mji mkuu wa jimbo la Free State na makao ya Mahakama ya Rufaa ya nchi. Alipozaliwa, Afrika Kusini ilikuwa imetengwa na michezo ya dunia kwa sababu ya ubaguzi wa rangi. Haikualikwa kwenye Olimpiki ya Tokyo mwaka 1964, ikafukuzwa rasmi katika Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki mwaka 1970, na haikurudi hadi Barcelona mwaka 1992. Kwa hiyo wasichana waliomtangulia kwa miaka kumi au kumi na tano, hata wale walioumudu mchezo kuliko wote, hawakuwa na Olimpiki ya kuiota. Mpira wa magongo wa wanawake uliingizwa kwenye Olimpiki kwa mara ya kwanza mwaka 1980 huko Moscow, na medali ya dhahabu ilichukuliwa na Zimbabwe, nchi iliyokuwa na miezi michache tu tangu ipate uhuru. Nchi nyingi zilikuwa zimesusia michezo hiyo. Msomaji wa Afrika Mashariki huenda akafurahi kukumbushwa kwamba katika Olimpiki hiyohiyo Tanzania nayo ilipeleka timu ya wanaume ya mpira wa magongo. Medali ile ya Zimbabwe ndiyo medali pekee ya Olimpiki ambayo bara hili limewahi kuipata katika mchezo huu.

Coetzee aliichezea timu ya taifa kwa mara ya kwanza mwaka 1995, kabla hajatimiza miaka 18. Mwaka huo una uzito wake. Afrika Kusini ilikuwa na mwaka mmoja tu tangu uchaguzi wa kwanza wa watu wote, na timu zake zilikuwa ndiyo kwanza zinajifunza kasi ya dunia baada ya miongo ya kucheza zenyewe kwa zenyewe. Msichana aliyeanza wakati huo aliikuta timu inayojengwa upya, na aliyeonyesha uwezo hakulazimika kusubiri kwenye benchi hadi wakubwa wastaafu. Muda huo ni mtaji usiozungumzwa sana katika hesabu za rekodi. Kutoka 1995 hadi siku ile ya Dublin ni miaka 16, na ukiyagawa mabao 221 kwa miaka hiyo unapata wastani wa karibu mabao 14 kwa mwaka. Kufunga mabao 14 katika mwaka mmoja wa mechi za kimataifa si jambo la ajabu kwa mshambuliaji wa daraja la juu. Ajabu ni kuurudia mwaka huo mara kumi na sita, na zaidi ya hapo, kuurudia huku miaka mingine ukiwa nje ya timu kabisa.

Jambo jingine lililomkuta mwanzoni mwa safari yake ni badiliko la sheria. Mpira wa magongo ulikuwa na sheria ya kuotea kama ilivyo soka. Mwaka 1996 sheria hiyo ilianza kuondolewa kwa majaribio, na kufikia 1998 ilikuwa imefutwa moja kwa moja. Kwa mabeki lilikuwa pigo, kwa kuwa hawakuweza tena kupanda pamoja na kumwacha mshambuliaji nyuma yao akiwa ameotea. Kwa mshambuliaji kijana mwenye jicho la goli, lilikuwa kama kufunguliwa mlango uliokuwa umekomewa: aliweza kusimama karibu na kipa, akasubiri mpira, akabadilisha mwelekeo wake kwa kugusa tu. Kizazi cha Coetzee ndicho cha kwanza kucheza karibu maisha yake yote ya kimataifa chini ya uhuru huo.

Hata hivyo siri kubwa ya idadi ya mabao yake iko kwenye penalti kona, na hapa inafaa tukae kidogo, maana asiyeielewa penalti kona hawezi kuuelewa mchezo huu.

Uwanja wa mpira wa magongo una urefu wa mita 91.4 na upana wa mita 55, na mbele ya kila goli kuna eneo lenye umbo la nusu duara linalofika mita 14.63 kutoka golini. Bao halihesabiwi mpaka mpira uwe umeguswa na mshambuliaji ndani ya eneo hilo. Beki akitenda kosa ndani ya nusu duara, hata liwe dogo kama mpira kumgonga mguuni, mwamuzi hutoa penalti kona. Hutolewa pia kwa kosa la makusudi lililofanywa karibu na eneo hilo, au beki anapoutoa mpira nje kwa makusudi kupitia mstari wake wa mwisho. Kwa hiyo katika mechi moja timu inaweza kupata penalti kona nne, sita, au hata zaidi, na kila moja ni nafasi iliyoandaliwa ambayo haimtegemei mchezaji kupiga chenga wala kupenya.

Mpangilio wake ni huu. Mshambuliaji mmoja anasimama kwenye mstari wa mwisho wa uwanja, umbali usiopungua mita 10 kutoka kwenye mwimo wa goli. Wenzake wanasimama nje ya nusu duara. Upande wa ulinzi wanaruhusiwa watu watano tu nyuma ya mstari wa goli, yaani kipa na mabeki wanne, huku wengine wote wakiwa wamefukuzwa hadi nyuma ya mstari wa katikati ya uwanja. Mabeki hao wanne huvaa barakoa ngumu za kukinga uso, na mtu akiwatazama wakizifunga kwa haraka huku wakipangana nani atatoka kwanza na nani atabaki kwenye mwimo, anaelewa bila kuambiwa ni kitu gani kinakuja. Mpira wenyewe una uzito wa kati ya gramu 156 na 163 na ni mgumu kama jiwe. Mshambuliaji wa pembeni anausukuma, unateleza juu ya nyasi bandia zilizomwagiwa maji, unatoka nje ya nusu duara, mwenzake anauzuia kwa gongo lililolazwa chini, kisha mfungaji anauchukua.

Sasa sheria moja ndogo ndiyo inayotofautisha mfungaji na mfungaji. Pigo la kwanza kuelekea golini, kama mchezaji amelipiga kwa kulibamiza gongo kwenye mpira, halipaswi kuvuka mstari wa goli kwa kimo kinachozidi sentimita 46, ambacho ndicho kimo cha ubao ulio chini ya wavu. Lakini kama mchezaji hakuubamiza mpira bali ameukokota na kuurusha, ukomo huo haupo, ila tu asihatarishe watu. Goli lina upana wa mita 3.66 na kimo cha mita 2.14. Kwa hiyo anayebamiza anapigana kutafuta ukanda mwembamba wa chini ambao kipa na mabeki wameulalia, ilhali anayekokota ana goli zima.

Kukokota huko ni ufundi wa mwili mzima. Mchezaji anakuja kwa hatua ndefu ubavu ukiwa umeelekea golini, anainama mpaka mkono wake wa kulia unakaribia kugusa nyasi, anaunasa mpira kwenye sehemu ya chini ya gongo ukiwa bado nyuma ya mguu wake wa mwisho, kisha anauvuta mbele huku kiuno kikizunguka, na mpira unateleza kwenye mti wa gongo mpaka kwenye kichwa chake, ndipo unaachiwa. Kutoka mpira unaposukumwa pembeni hadi unapogonga wavu ni sekunde chache mno. Kipa haoni gongo likinyanyuliwa juu, hana dalili ya mapema, na mara nyingi anaamua aruke upande upi kwa kusoma bega la mfungaji. Ufundi huu ulianza kushamiri kwa wanaume, na wanawake wengi waliuchukua baadaye. Timu iliyokuwa na mtu mmoja anayeuweza ilikuwa na silaha ambayo haikujali ni nani aliyemiliki mpira muda mrefu zaidi.

Coetzee alikuwa mtu huyo kwa Afrika Kusini. Hili ndilo linaloanza kulifungua fundo letu. Timu dhaifu inaweza kutawaliwa kwa dakika 60 kati ya 70 zilizochezwa enzi hizo, ikaponyoka mara tatu, ikapata penalti kona mbili, na kama ina mfungaji wa kutegemewa ikaondoka na bao moja au mawili ingawa imefungwa manne. Mfungaji wa timu kama hiyo anaendelea kuongeza hesabu yake hata timu yake inapopoteza. Tena, katika timu kubwa kama Uholanzi mabao hugawanywa kwa wafungaji wengi wenye uwezo unaolingana, na mara nyingine penalti kona hugawanywa kwa watu wawili au watatu. Katika timu isiyo na wingi huo, penalti zote, kona zote, na tumaini lote hukabidhiwa mtu mmoja. Ni heshima, lakini pia ni mzigo, kwa kuwa kila timu pinzani inajua ni nani wa kumkimbilia.

Ushahidi mzuri zaidi kwamba mabao yake hayakuwa ya kuokota ni Kombe la Dunia la mwaka 2002 lililofanyika Perth, Australia. Zilishiriki timu 16. Argentina ilitwaa ubingwa baada ya kuishinda Uholanzi kwa mikwaju, na Afrika Kusini haikufika hata nusu fainali. Lakini mfungaji bora wa mashindano yote alikuwa Coetzee, mwenye mabao 11. Kombe la Dunia halina timu ya kuchezewa. Kila aliyefika pale alichujwa. Kwangu mimi mabao hayo 11 ya Perth yana uzito kuliko lile la 221, kwa sababu la 221 lilitegemea miaka mingi, ilhali yale 11 yalifungwa ndani ya mashindano mamoja, mbele ya mabeki bora wa dunia, na mchezaji ambaye wenzake hawakuwa na nguvu ya kumfikisha mbali zaidi.

Tukiyaangalia matokeo ya timu pembeni ya matokeo yake, pengo linaonekana bila kutafutwa. Katika Kombe la Dunia la 1998 huko Utrecht, Uholanzi, Afrika Kusini ilimaliza ya 7, na hayo ni mafanikio makubwa kwa nchi iliyokuwa imetoka kwenye kutengwa. Olimpiki ya Sydney mwaka 2000 ilimaliza ya 10 kati ya timu 10. Athens mwaka 2004 ilikuwa ya 9. Coetzee alikuwepo Sydney na Athens, na hakuwepo Beijing mwaka 2008, ambako timu ilimaliza ya 11.

Sababu za timu kutopanda hazikuwa uvivu wala kukosa moyo. Mchezo huu unahitaji uwanja wa nyasi bandia, na uwanja huo ni ghali kuujenga na ghali kuutunza, kiasi kwamba nchini Afrika Kusini umekuwa ukipatikana zaidi kwenye shule zenye uwezo na vyuo vikuu. Watoto wa vitongoji vingi walikua bila kuugusa. Kwa hiyo nchi yenye mamilioni ya vijana ilikuwa ikichagua timu yake ya taifa kutoka kwenye kisima kidogo, na hilo ni jeraha la ubaguzi ambalo halikupona kwa sababu tu sheria zilibadilika. Pili, wachezaji hawakuwa na ligi ya kulipwa nyumbani. Ulaya kuna ligi ya Uholanzi ambako mchezaji hukutana na walio bora kila wiki. Mchezaji wa Johannesburg au Durban alilazimika kuhama, au kusubiri ziara. Tatu, umbali. Mechi nzuri ziko Ulaya, Australia na Argentina, na tiketi za ndege kwa kikosi kizima zinameza bajeti kabla mpira haujachezwa.

Umbali huo, kwa namna ya kushangaza kidogo, umechangia pia katika hesabu ya mabao, na hapa tunafika kwenye suala la namna mechi zinavyohesabiwa. Katika soka, timu ya taifa ikisafiri hucheza mechi moja au mbili ikarudi. Katika mpira wa magongo, kwa kuwa safari ni ghali na mwili humudu mechi nyingi zaidi kwa wiki, timu ikishafika nchi ya watu hucheza mfululizo wa mechi za majaribio, nne, tano, hata sita, na zote huhesabiwa kuwa mechi kamili za kimataifa. Ndiyo maana mchezaji wa mpira wa magongo mwenye mechi 200 au 300 za taifa si kitu cha ajabu, wakati katika soka ya wanaume waliofikisha 200 ni wa kuhesabika kwa vidole. Kwa upande wa wanaume, Sohail Abbas wa Pakistan, ambaye naye alikuwa bingwa wa penalti kona, alimaliza na mabao 348. Anayelinganisha namba hizi na za wanasoka bila kujua tofauti hiyo atadhani mpira wa magongo unatoa mabao ya bure. Ukweli ni kwamba unatoa mechi nyingi zaidi, na kisha unamwuliza mchezaji kama goti lake na mgongo wake vitaweza kuzibeba.

Sasa turudi kwenye lile jibu la pili, la timu dhaifu za Afrika. Haliwezi kukataliwa moja kwa moja. Afrika Kusini imetawala mashindano ya wanawake ya bara hili tangu iliporejea, na mechi zake dhidi ya baadhi ya majirani zimewahi kuisha kwa tofauti kubwa ya mabao. Lakini mashindano ya Afrika hayafanyiki kila mwaka, na yanapofanyika huwa na mechi chache na timu chache. Hayawezi kuwa chanzo cha wingi wa mabao yaliyofungwa kwa miaka 16. Zaidi ya hayo, mashindano hayohayo ya Afrika yalikuwa na mkasa mwingine uliomgusa Coetzee na kizazi chake chote: kuyashinda hakukutosha.

Shirikisho la dunia la mchezo huu hutoa nafasi ya Olimpiki kwa bingwa wa kila bara. Kwa Olimpiki ya Beijing mwaka 2008, Afrika Kusini ilipata nafasi hiyo kwa kushinda mashindano ya kufuzu yaliyofanyika Nairobi mwaka 2007. Lakini viongozi wa Olimpiki wa Afrika Kusini wamekuwa na msimamo, unaokuja na kuondoka, kwamba ubingwa wa Afrika katika baadhi ya michezo si kipimo cha ubora wa dunia, na kwamba timu haipaswi kupelekwa Olimpiki kwa njia hiyo peke yake. Mwaka 2000 msimamo huo uliizuia timu ya wanaume kwenda Sydney ingawa ilikuwa bingwa wa bara. Kuelekea London mwaka 2012, wanaume na wanawake walishinda tena mashindano ya Afrika, safari hii Bulawayo mwaka 2011, na wakaambiwa tena kwamba lazima wafuzu kupitia mlango mgumu zaidi, yaani mashindano ya dunia ya kuwania nafasi za mwisho.

Coetzee alikuwa amerudi timu ya taifa kufikia wakati huo. Kwa hiyo Februari 2012, mwanamke aliyekuwa anashikilia rekodi ya dunia alikwenda New Delhi kugombea nafasi ambayo kwa kanuni za shirikisho la dunia timu yake ilikwishaipata. Fainali iliwakutanisha na wenyeji, India, katika uwanja uliojaa watu waliokuja kuona timu yao ikirudi Olimpiki baada ya miaka mingi. Mshindi mmoja tu ndiye angeenda London. Afrika Kusini ilishinda kwa mabao 3-1, Coetzee akiwa miongoni mwa waliofunga. Mabao ya namna hiyo, ya mechi moja inayoamua miaka minne ya maisha ya watu, hayawezi kutajwa kwenye mstari mmoja na mabao ya mechi zisizo na ushindani.

Msimamo huo wa viongozi una hoja yake, na sitaki kuudhulumu: fedha ni chache, na wanasema ni afadhali kupeleka wachache wenye nafasi ya medali. Lakini naamini ni hoja inayojikata miguu. Timu haiwezi kupanda viwango vya dunia bila kucheza na walio juu yake, na kwa nchi iliyo mbali na isiyo na ligi ya kulipwa, Olimpiki ni moja ya nafasi chache za kucheza nao. Miaka minne baadaye hali ikawa mbaya zaidi. Wanawake na wanaume walishinda mashindano ya kufuzu ya Afrika huko Randburg mwaka 2015, na nafasi zote mbili za Rio 2016 zikakataliwa. Nafasi ya wanawake ilikwenda Hispania, ambayo ikafika robo fainali. Ya wanaume ilikwenda New Zealand. Kundi zima la wachezaji waliokuwa katika umri wao bora lilibaki nyumbani likitazama televisheni. Ni hadi safari ya Tokyo, baada ya mashindano ya Stellenbosch ya mwaka 2019, ndipo ubingwa wa Afrika ulipokubaliwa tena.

Ukilitazama hilo, unaona ni kwa nini maisha ya uwanjani ya Coetzee hayawezi kusomwa kwa rekodi peke yake wala kwa orodha ya nafasi za timu peke yake. Vitu vilivyomzuia asipate medali ndivyo, kwa sehemu, vilivyompa mzigo wa kufunga: timu yenye wafungaji wachache, mechi nyingi za ziara, kona zote kukabidhiwa mtu mmoja. Na vitu vilivyompa nafasi ya kufunga havikuwa na maana yoyote bila mtu aliyekuwa tayari kuinama kwenye nyasi zilizolowa, mara elfu baada ya mara elfu, mazoezini pasipo na mtazamaji, mpaka mkono ujue njia yenyewe.

London ilikuwa Olimpiki yake ya tatu, miaka 12 baada ya ile ya kwanza. Ilianza vibaya: Argentina iliifunga Afrika Kusini mabao 7-1. New Zealand, Australia na Ujerumani nazo zikaishinda, ingawa Australia ilipata bao moja tu. Mechi ya mwisho ya kundi ilikuwa dhidi ya Marekani, wale wale wa sare ya Dublin, ambao katikati ya mechi hizo mbili walikuwa wamewashinda Argentina na kuwa mabingwa wa bara la Amerika. Afrika Kusini iliwafunga 7-0. Coetzee, aliyekuwa amebakiza wiki chache kutimiza miaka 34, alikuwa kati ya wafungaji, na alipoingia uwanjani siku hiyo mabeki wanne wa Marekani waliokuwa wakifunga barakoa zao walikuwa wanajua vizuri sana ni nani anasubiri mpira juu ya nusu duara. Timu ilimaliza mashindano katika nafasi ya 10.